Sufuria za Wamama wa Nchelenge

Mujukuu wangu Mwape,

Yambo sana. Hapa Nchelenge tuko wazima, na muguu wa shangazi yako umepona. Unaniuliza kwa nini sitaki kuliacha ziwa, nije Lusaka kwenye maji ya bomba.

Miaka ile ya hamsini, mbele ya kuolewa, nilimuleta dada yangu kutoka kisiwa cha Kilwa, kile cha humu ziwani, kwa mutumbwi wa mujomba wetu. Uchungu wa kuzaa ulimushika, na mukunga alikuwa huku. Tulipokaribia huku, mvua ikaficha inchi yote. Mujomba wetu akaacha kupiga kasia.

"Sijui tena upande wa kwenda," akasema.

Tukapiga kelele. Ufukweni wamama walikuwa wanaosha vyombo, kama kila asubuhi. Walitusikia, wakaanza kugonga sufuria zao kwa nguvu. Mujomba akafuata mulio ule mpaka tukafika muchangani. Mama mumoja akamufunika dada kwa kitenge chake, mwingine akakimbia kumwita mukunga.

Mutoto alipolia, nilikaa chini nikalia naye.

"Nyinyi ni watu wa wapi?" mama mumoja akaniuliza.

"Wa Kilwa."

Akacheka. "Mulikuwa wa Kilwa. Sasa muko wa hapa."

Ni mimi, nkambo wako anayekupenda.