Bakuli la Maharage na Soseji Linataka Kunihamisha Goba

Mpendwa Shangazi Tabu, shikamoo. Naomba msaada wako na naomba sana usinicheke, maana mume wangu ameshanicheka vya kutosha, na wadogo zangu wa Tabata niliwapigia simu kuwaeleza wakacheka mpaka salio likaisha, wakati mwenzenu sina raha, jikoni kwangu naingia kwa kunyata, na jirani yangu ninayempenda nimeanza kumkimbia kama mwizi, na yote haya ni kwa sababu ya bakuli.

Sie tulikuwa tumepanga Tabata tangu nilipoolewa, mwaka huu Mungu akatujalia tukahamia nyumba yetu wenyewe huku Goba, plasta ya nje bado lakini ni yetu. Siku tuliyohamia nilikuwa ndani napanga vyombo, nikatoka kumwaga maji, nikakuta kibarazani pamewekwa bakuli kubwa la bati lenye maua mekundu, limefunikwa sahani, ndani ndizi zilizopikwa na maharage, bado za moto, na aliyeleta hayupo. Nikaangalia huku na huku, nyumba inayotazamana na yangu ni moja tu, ya Mama Aun, jina lake Gulbahar, mke wa bwana Karmali mwenye duka la vifaa vya ujenzi Mwenge, nikajua ni yeye. Kusema kweli nilishangaa kidogo Mhindi kunipikia ndizi na maharage, ila nikajisemea huenda wamekulia Bukoba, Wahindi wapo kila mahali. Tukala, watoto wakalilamba bakuli mpaka likang'aa.

Sasa Shangazi, wewe ni mtu wa pwani kama mie, unajua mama zetu walivyotulea, chombo cha mtu kikija na kitu ndani hukirudishi kitupu, utaonekana hukufundwa. Nikasema kwa kuwa kaniletea maharage nami nitamjibu kwa maharage, ila yawe ya kwangu, na maharage yangu nisijisifu sana lakini ndiyo yaliyomtoa Baba Nusaiba kwa mama ntilie akatulia nyumbani. Nayaloweka, nayachemsha mpaka yalainike yenyewe, nakaanga vitunguu viwe vya kahawia, naweka nyanya, karoti na hoho, halafu soseji za ng'ombe nilizokata vipande vya mviringo, namimina tui zito vinachemka pamoja taratibu, na pembeni wali wa nazi unajikaukia. Soseji nilianza kuziweka kwa ajili ya watoto, maana maharage matupu walikuwa wanayazungusha tu kwenye sahani, siku hizi wananyang'anyana mwiko. Nikajaza bakuli, wali chini maharage juu, nikajifunga mtandio mpya nikapeleka mwenyewe, na Mama Aun alipofungua geti akaweka mkono kifuani akaniambia, "Dada yangu, umehamia jana tu, na tayari umenipikia?" Mie nikaona hiyo ni adabu ya hali ya juu, mtu kajifanya kama hakuanza yeye. Akauliza kwa upole hizo ni soseji za nini, nikaanza kuapa kuwa ni za ng'ombe na duka ni la halali, kumbe masikini alitaka tu kujua zinauzwa wapi. Nikampenda hapohapo.

Bakuli likarudi na kababu na chatne ya ukwaju. Nikalirudisha na pilau. Likaja na biriani, biriani kabisa, Shangazi, lenye zafarani na korosho, nikalirudisha na samaki wa kupaka niliyemfuata mwenyewe soko la feri kwa mguu wangu. Likaja na tambi za maziwa, nikalirudisha na mkate wa kumimina, na kila tukikutana getini ananiambia huku anacheka, "Mama Nusaiba, bakuli lako hili litatuua," nami nacheka, najua ndiyo ustaarabu wao, mali yake anaiita yangu. Nyumbani kwangu mambo yameharibika. Watoto wakitoka shule hawaulizi tena tunakula nini, wanauliza leo tunapika au tunapokea. Baba Nusaiba kanenepa, shati za kazini hazifungi, na jioni akiingia kabla hajavua viatu anauliza bakuli liko upande gani.

Na kununua vitu vyenyewe ni mtihani, maana genge la karibu, hapo kando ya geti la Mama Aun, naliona hata nikiwa jikoni, ni la dada mmoja wa Kihaya anaitwa Eufrazia, na huyo tangu nihamie hanitaki, sijui nimemkosea nini, ananichagulia nyanya zilizopondeka, nikimsalimia anaitikia kwa pua, na siku moja alisema kwa sauti huku kanipa mgongo kwamba siku hizi mtu unampa kitu hata asante hana, nikajua anamsema mteja mwingine. Halafu ana mambo, kila chombo chake kakipaka kidoa cha rangi ya kucha ya bluu, ndoo, sufuria, hata kopo la kupimia dagaa, utadhani ni saluni. Nikaacha kwenda, vitunguu navifuata mpaka stendi.

Lililonifanya nikuandikie ni la juzi. Watoto walinililia, mama tumechoka na biriani, tupikie maharage yetu na soseji, na mie nikajua nikipika na harufu ikavuka ukuta lazima nipeleke, na bakuli lilikuwa kwangu linasubiri zamu yangu, na kupeleka maharage baada ya biriani la zafarani nikaona ni kujishusha. Basi nikafunga madirisha yote, nikaziba chini ya mlango kwa kanga, nikakaanga. Joto la Dar unalijua, tulikuwa tunakula huku jasho linadondokea kwenye wali. Ndipo nikasikia sauti ya Mama Aun ukutani, kwa furaha kabisa, "Mama Nusaiba, leo unapika yale?" Shangazi, sijui nini kilinipata. Nikamjibu, "Hapana, napuliza dawa ya mende." Na kabla sijamaliza mwanangu mdogo akapiga kelele kwamba Nusaiba kachukua soseji zake zote.

Mama Aun akasema, "Haya, dada," akaondoka, na tangu siku hiyo hajaniita ukutani. Jana alikuja kugonga, nikajificha nyuma ya kochi kwenye nyumba yangu mwenyewe. Huyu ndiye rafiki pekee niliyempata huku Goba, kote huku watu wana mageti na mbwa, yeye ndiye aliyenifungulia, na nikimfikiria vile alivyosema "haya, dada" machozi yananitoka. Bakuli liko hapa mezani linanitazama. Nimeshalisugua mpaka nalijua kuliko uso wangu, chini lina kidoa cha bluu kisichotoka hata kwa stilwaya. Nilifikiria kulivunja niseme bahati mbaya, nikaliangusha sakafuni, ni la bati, lililia tu mtaa mzima ukasikia. Sasa nifanyeje, nipike kitu gani kikubwa kuliko vyote nimalize mashindano, nimdanganye kuwa daktari kanikataza jiko, au nimwambie Baba Nusaiba tupangishe nyumba turudi Tabata? Nisaidie, nimekwama.

Mama Nusaiba, Goba

SHANGAZI TABU ANAJIBU

Marahaba, Mama Nusaiba. Ombi lako la kutocheka limechelewa, barua nimeisoma kwa sauti hapa ofisini na mwenzangu wa kurasa za michezo amelazimika kutoka nje. Lakini pole, na pole yangu ni ya kweli, kwa sababu mwanamke anayejificha nyuma ya kochi lake mwenyewe hana raha hata kama nyumba ni yake.

Sasa keti nikuseme kidogo. Mama mzima, umelelewa na watu, umefundwa, umeletewa ndizi na maharage, ukaamua zimetoka kwa mke wa Karmali kwa sababu tu geti lake linatazamana na lako. Hukwenda kuuliza. Ukaona ni rahisi zaidi kumkuza mwenzio Bukoba. Alipokuambia umempikia siku moja tu baada ya kuhamia, hakuwa na adabu ya hali ya juu, alikuwa anashangaa. Alipokuambia "bakuli lako", alimaanisha bakuli lako. Mwanamke huyo anaamini chombo ni chako, na kwao pia chombo cha mtu hakirudi kitupu, kwa hiyo amekuwa akikesha na biriani ili akurudishie mali ambayo si yako, na wewe unamkimbiza samaki feri ili umrudishie mali ambayo si yake. Mmechoshana bure, masikini, kila mmoja akimngoja mwenzake akome.

Na mwenye bakuli yupo hapo kwenye genge, mama. Umeniandikia mwenyewe kwa mkono wako kwamba ni Mhaya, mtu wa hukohuko Bukoba, kwamba kila chombo chake kina kidoa cha rangi ya kucha ya bluu, na kwamba bakuli lako lina kidoa cha bluu chini, halafu ukaniuliza umemkosea nini. Watu huweka alama kwenye vyombo ili chombo kisipotelee shughulini. Chake hakikupotelea shughulini, kimepotelea kwako. Eufrazia aliona gari la mizigo, akajua mgeni hawezi kupika siku hiyo, akaacha genge lake akakupikia, akaona uko ndani unahangaika, akaweka kibarazani na kuondoka bila kukusumbua. Ukala. Watoto wakalamba. Kisha bakuli lake likawa linapita mbele ya genge lake kila mara, limejaa pilau, linakwenda kwa Mama Aun. Ningekuwa mimi, nyanya zilizopondeka ungeziona ni zawadi.

Kwa hiyo hakuna cha daktari wala cha kurudi Tabata. Kesho unapika maharage yako na soseji, sufuria kubwa kuliko zote ulizonazo, na vitunguu na nyanya ununue kwa Eufrazia, zozote atakazokupa, pokea. Na kwa kuwa umenielezea mapishi, nikurekebishe na hilo: soseji usizichemshe na maharage tangu mwanzo, zinapasuka na kuwa sifongo. Zikaange peke yake mpaka zipate rangi, uziweke mwishoni ukiwa karibu kuepua, na chumvi uonje baada ya hapo, maana soseji zina chumvi yake.

Ukiepua, bakuli la kwanza ni la Eufrazia. Hakuna kumtuma mtoto. Jifunge mtandio uleule, nenda mwenyewe, mbele ya wateja wake, mpe kwa mikono miwili, useme, "Dada Eufrazia, bakuli lako nimelichelewesha, na ndizi zako zilikuwa tamu." Usianze hadithi ya Mhindi na biriani, hiyo mtacheka siku nyingine. Akinuna, mwache anune, ana haki. Akikuambia subiri akuwekee kitu, kataa kwa upole uondoke mikono mitupu, nakuonya, usitoke pale na chombo.

Kisha kachukue sufuria iliyobaki na sinia la wali na watoto wako na huyo baba mwenye shati lisilofunga, mgonge kwa Mama Aun. Muombe radhi kwa uongo wa mende, kwa maneno hayohayo, usiuzungushe. Kisha mle hapo kwake, wote kutoka sufuria moja, mkimaliza unaibeba sufuria yako na hakuna anayemdai mwenzie kitu. Mwambie ukweli kwamba biriani lake limekuchosha kwa sababu hujui kulifikia, naye atakuambia alikuwa anakusikiliza ukutani akisubiri yale maharage ya siku ya kwanza. Nina hakika, mtu haulizi "unapika yale" kwa furaha namna ile kwa ajili ya mende.

Unalia kwamba Goba una rafiki mmoja tu. Ulipata wawili siku ya kwanza, mmoja akakufungulia geti, mwingine akakuletea chakula cha moto hujamwita, na huyo ndiye uliyeacha kwenda kwake kununua vitunguu. Bado wote wawili wapo, geti la mmoja na genge la mwingine unayaona ukiwa jikoni. Kwa hiyo kesho, kabla hujakaanga, fungua madirisha.