Hatua za Wayua

Alhamisi, 6 Februari 2025

Wayua amekufa. Nimemkuta saa kumi na mbili jioni nikitoka kazi. Kwa kitanda, amelalia upande. Nilimwita mara mbili. Mkono ulikuwa baridi.

Viatu alikuwa navyo miguuni. Viko na vumbi. Nikavitoa.

Maryanne wa mlango wa pili alipiga nduru. Mimi sikulia. Daktari wa pale karibu alikuja akasema ni moyo. Presha alikuwa nayo miaka sita.

Naandika kwa hii kitabu ya siku za kazi. Leo nilifanya kazi. Siku nzima.

Ijumaa, 7 Februari

Mochari. Fomu nyingi. Nimeweka sahihi, mtu ananionyesha na kidole.

Mutheu amefika kutoka Kimana. Huko anafunga vitunguu kwa shamba ya mtu. Aliingia, akaangalia kitanda, akatoka nje. Mtoto wetu ni huyo mmoja.

Natumia simu ya Wayua. Yangu, ile kabambe ndogo ya vibonyezo, ilianguka kwa pipa ya maji huko sait tunakojenga Jumatatu. Kwisha. Kwa hivyo watu wote wanapiga hii. Ni simu kubwa ya kugusa. Mutheu ndiye alinunulia mamake mwaka jana, akaiweka Kiswahili.

Asubuhi ililia kama tarumbeta. Nikadhani ni mtu. Ilikuwa imeandika: Habari ya asubuhi Wayua! Leo bado hujatembea. Twende!

Nikaigeuza ikaangalia meza.

Jumatano, 12 Februari

Sironka amekuja kusema pole. Ndiye foreman wetu. Mmaasai mrefu, aliinama kwa mlango wangu na bado akagonga kichwa.

Akanisalimia Kimaasai, sopa mzee. Akakaa. Akanywa chai. Akasema chukua muda wako, mambo ya mke si mchezo. Lakini siku hizi kuitwa kazi ni kwa WhatsApp. Hapigi tena mtu mmoja mmoja. Akasema jina yako ikiwa haiko kwa group mpaka Jumapili ile ya tarehe ishirini na tatu, yule mwenye sait ataleta mtu wake. Mimi nitafanya nini?

Nikamwambia itakuwa.

Nimejaribu kuweka hiyo WhatsApp. Simu inakataa. Inasema nafasi imejaa. Imejaa nini? Wayua hakuwa na picha hata ishirini.

Jumamosi, 15 Februari

Tumemzika nyumbani, Kathonzweni. Jua kali. Udongo wa kule ni mgumu, vijana walichimba kutoka jana.

Simu ilikuwa kwa mfuko ya koti yangu, kwa vile watu wa gari walikuwa wanapiga. Kutoka kanisani tukatembea nyuma ya jeneza, njia yote. Halafu nikaenda kupokea wazee kwa geti, nikarudi, nikaenda, nikarudi.

Pasta anaomba. Watu wamefumba macho. Simu ikalia — tarumbeta na makofi! Watu wote wakanigeukia. Nikaitoa nizime. Imeandika:

Hongera Wayua! Umefikisha lengo la leo!

Mutheu aliona. Alikuwa amenishika mkono. Akaniachilia.

Jumatatu, 17 Februari

Tumerudi Kitengela. Nyumba iko na harufu ya kufungwa. Mutheu amefagia, amefua, amefagia tena.

Kila asubuhi saa moja ile kitu ya kuhesabu hatua inamwita. Wayua usikate tamaa. Wayua mwili unahitaji mazoezi. Leo Mutheu alikuwa anawasha jiko, akaacha kiberiti ikamuunguza kidole.

Amesema Baba, itoe hiyo app. Mimi siwezi kusikia mama akiitwa hivyo.

Nikasema nitatoa. Hata bila yeye kusema. Na nafasi ya WhatsApp naitafuta pia.

Jumanne, 18 Februari

Nimekaa na simu kutoka saa nne. Kazi ya kubeba mawe ni afadhali.

Iko na vitu! Mchezo wa kupanga matunda. Habari za mpira. Ya hali ya hewa mara mbili. Ya kusafisha simu, na ndiyo chafu kuliko zote, kila dakika inaleta matangazo ya nywele. Ya kuonyesha nyota yako ya bahati. Wayua hakuweka hata moja. Simu ilitoka dukani na hizo.

Unashikilia kidole mpaka ilete maneno. Zingine zinasema Ondoa. Hizo zimeenda. Zingine hazina hiyo neno kabisa. Ziko tu na Zima. Kama mpangaji hataki kutoka, unamfungia mlango akae ndani gizani.

Nimezima nyingi. Nyingine sikujua ni nini, jina ilikuwa Kizungu. Nikazima.

Saa kumi nikataka kumwandikia Sironka. Nabonyeza pale pa kuandika — hakuna herufi. Hakuna kitu. Mutheu ameangalia. Akasema Baba, umezima ile ya kuandika.

Akacheka. Mara ya kwanza tangu aje. Halafu akaingia ndani akakaa huko.

Jumatano, 19 Februari

Nimepeleka simu kwa Mugure. Ni fundi, ako na kibanda kando ya soko, glasi kwa jicho kama mtu wa saa. Aliangalia akaanza kucheka.

Mzee, umefanya nini? Hata tochi umezima!

Nikamwambia mimi ni mtu wa mjengo. Nikiambiwa bomoa nabomoa.

Akacheka mpaka mteja mwingine akacheka. Akarudisha ya kuandika. Akanionyesha ile ya kutoa na ile ya kuacha. Akasema hizi za kuja na simu ni kama mende kwa nyumba ya kupanga. Unazikuta, unaziacha. Unazipunguza tu.

WhatsApp imeingia. Sironka ameniweka kwa group.

Nikamwambia Mugure sasa hii moja. Hii ya kutembea. Hiyo ndiyo natoa kabisa.

Akashikilia kidole. Zima. Ikaleta maneno mengine: Ukizima, rekodi zote za hatua zitafutika. Endelea?

Akaniuliza naendelea? Ni za nani? Nikasema ni za mke wangu, amekufa.

Akatoa kidole. Akatoa na ile glasi ya jicho. Akasema pole mzee, sikujua. Akasema nenda nayo nyumbani kwanza. Kuzima ni kubonyeza mara moja tu, hata wewe utaweza.

Nikakasirika kidogo. Nilitaka imalizike hapo.

Alhamisi, 20 Februari

Nimefungua hiyo app. Nilitaka kuona kitu inafuta.

Ni mistari imesimama, kama nondo zimekatwa urefu tofauti. Kila siku na nondo yake. Unagusa moja inakupa namba. Wayua alikuwa anabeba simu kwa leso, imefungwa kiunoni. Kwa hivyo kila mahali alienda, ilienda.

Novemba ziko juu. Elfu nane. Elfu saba. Soko, kanisa, maji. Desemba zimeshuka. Januari ni vijiti. Mia nne. Mia tatu na kitu. Hizo ni za kwenda choo na kurudi.

Nilikuwa nalala na yeye kitanda kimoja. Nilikuwa namuuliza, uko aje? Anasema niko sawa Baba Mutheu. Nami nageuka nalala, nimechoka. Simu ilikuwa inajua.

Halafu tarehe sita. Ile siku. Nikadhani nimekosea kugusa. Nikagusa tena.

6,318.

Nilimwacha kwa kitanda asubuhi. Hakuweza hata kukaa vizuri anywe uji. Alienda wapi?

Viatu na vumbi.

Sijamwambia Mutheu. Ameniuliza umezima? Nimesema bado, iko na shida.

Ijumaa, 21 Februari

Nimeuliza Maryanne. Kwanza alisema sijui. Nikasimama tu hapo mlangoni kwake. Halafu akaanza kujipanguza mikono na aproni, na mikono haikuwa na maji.

Amesema Wayua alitoka kama saa tano. Na kiondo. Anatembea akishika ukuta. Maryanne akamwambia Mama Mutheu rudi ulale, unaenda wapi na hii jua? Akasema hapo tu, narudi sasa hivi. Akarudi saa nane. Akakaa hapo kwa ngazi. Akaomba maji. Akanywa vikombe viwili. Akasema ngoja nijilaze kidogo.

Nikauliza mbona hukuniambia?

Akasema ningekuambia ili iweje, Baba Mutheu? Angerudi?

Nikarudi kwangu.

Kuna kitu sikuandika ile siku ya kwanza. Sasa naandika. Asubuhi hiyo niliacha chakula yangu kwa meza. Si kusahau. Niliiacha makusudi. Muthokoi, mahindi ya kukoboa na maharagwe, bila chumvi. Daktari alimkataza chumvi, na sufuria ni moja, kwa hivyo miezi yote tunakula bila. Nilifungua mkebe nikaonja, nikafunga nikausukuma. Nikasema mimi si mgonjwa. Nikaenda nikapanda lori ya mchanga.

Alikuwa anaangalia kutoka kitandani.

Na saa saba hiyo siku nilikula. Mkebe uliletwa. Najua uliletwa na nani, sasa najua. Lakini kesho nataka niambiwe na mtu.

Jumamosi, 22 Februari

Nimeenda sait na boda. Wanyonyi, askari wetu, ako kwa geti kama kawaida, na redio yake. Ndiye alinipatia mkebe ile siku. Alisema tu, chakula yako hii. Nikadhani Wayua amempatia mtu wa boda. Sikuuliza. Nilikuwa na njaa.

Leo nikamuuliza nani alileta.

Akazima redio. Akasema Mama mwenyewe. Na miguu. Nilimpatia kiti akakaa karibu nusu saa. Nikamwambia ngoja nimwite Mzee, akakataa kabisa. Akasema usimwambie nimekuja, atanigombeza. Akasema simu yake imekufa, singeweza kumpigia, na mtu hawezi kubeba mawe na tumbo tupu.

Nikasema ungeniita.

Akasema Mzee, aliniapisha. Mama wa umri ule akikuapisha utafanya nini?

Kweli. Utafanya nini.

Akaniuliza, kwani mkebe ulikuwa na nini, alikuwa anashikilia hiyo kiondo kama yai?

Sikumwambia. Naandika hapa.

Nikifungua mkebe siku hiyo, juu ya muthokoi kulikuwa na karatasi imekunjwa. Karatasi ya kalenda ya mwaka jana. Ndani chumvi. Kidogo, ya mtu mmoja. Nilimwaga yote nikachanganya na kidole. Ilikuwa tamu. Nikala nikamaliza, nikasema kwa roho, leo ameshika adabu.

Hiyo ndiyo nilisema.

Jumapili, 23 Februari

Sikuenda kanisa. Mutheu alienda peke yake.

Sironka ameandika kwa group. Majina kumi na moja. Langu ni la tisa: Musila. Kumwaga slabu ya pili, saa moja kamili. Mtu akichelewa asilie.

Mutheu anarudi Kimana kesho asubuhi. Vitunguu havingoji. Amenipikia mboga ya siku mbili. Ametia chumvi. Nikamwambia punguza. Akaniangalia. Baba, si wewe ndiye ulikuwa unalalamika? Nikasema punguza tu.

Baada ya kula akauliza tena. Baba, umezima? Nikienda huko nitakuwa nikijua kila asubuhi inamwita. Sitaki. Unaweza kuelewa hiyo?

Naelewa. Ako na haki. Na mimi ndiye nilimwahidi.

Sijamwambia mambo ya geti. Nilianza. Nilisema mama yako ile siku — akaacha kukunja nguo, akasimama hivyo na sweta ya mamake mkononi. Nikasema mama yako ile siku hakuteseka. Akasema asante Baba. Akaendelea kukunja.

Sasa ako nje anaongea na Maryanne. Simu iko hapa kwa meza karibu na kitabu. Nimeshikilia kidole. Imeleta ile maneno. Rekodi zote za hatua zitafutika. Endelea? Kuna Ndiyo na kuna Hapana. Skrini inataka kuzima, naigusa kando inawaka tena. Mara ya nne hii.

Miaka mitatu kwa hiyo sait, sijawahi kwenda na miguu. Lori inatuchukua kwa barabara kubwa. Njia yake nimeulizia Wanyonyi. Ni ile ya nyuma ya magodauni, halafu unavuka korongo, halafu vumbi tupu mpaka geti. Hakuna mti. Hakuna pa kukaa.

Nitatoka saa kumi na moja na nusu alfajiri, nipite njia yake na miguu. Simu nitaweka kwa mfuko ya shati. Miguu yangu ni mirefu kuliko yake, hatua itakazohesabu zitakuwa chache.

Mutheu anarudi ndani. Namsikia anatoa viatu mlangoni.

Kesho narudi kazi.