Sahihi ya Mama Kwenye Wito wa Dada

Shoga, tumetoka mahakamani sasa hivi.

Ile kesi ya shemeji kumvunja dada mkono, iliyofutwa kwa sababu dada hakutokea, leo dada kaomba ifufuliwe. Akaapa hakupata wito wa mahakama. Hakimu akamwonyesha karatasi: "Sahihi hii ni ya nani?"

Ya mama. Mama yetu mzazi, shoga. Kaupokea, kauficha.

Na mama alikuwa nyuma yetu, kaja kumsindikiza dada. Akasimama: "Nilitaka yaishe nyumbani, mwanangu."

Dada hakugeuka hata kidogo. Mimi ndiye niliyegeuka, nikajuta kumtazama usoni. Sahihi ya mama, shoga.

Hakimu akaifufua kesi. Dada akauliza tarehe, akaiandika kiganjani, akamwambia karani, "Safari hii wito nipeni mimi, mkononi."