Udi Ulionusa Siku ya Idd

Mtoto wa ami yangu mpendwa, Hilal,

Barua hii haina bahasha, na sikusahau kuitia. Mama yako ameisoma, mdogo wako Khalfan ameisoma, na huyo aliyekuletea kwa boti anayo ruhusa yangu ya kuisoma njiani akichoka kutazama maji. Yaliyosemwa juu yangu yalisemwa barazani mbele za watu, na mimi majibu yangu sitayanong'ona. Ningekupigia simu kama wafanyavyo wengine, lakini umenifungia namba, na Khalfan akikupigia unamkatia. Basi soma. Nimekasirika, sikufichi.

Alhamisi ijayo Khalfan anaoa Makunduchi. Au niseme alikuwa anaoa. Juzi baba wa bibi harusi alikuja mjini, akakaa sebuleni kwenu, akanywa kahawa yake taratibu mpaka tukadhani amekuja kwa wema, halafu akamwambia mama yako: "Bi Zuwena, mie sina maneno mengi. Nnasikia kaka mtu kauhama mji kwa sababu mdogo wake kamchukulia mchumba. Binti yangu simtii kwenye fitina. Mpaka huyo kaka aje akae na sisi mkekani, ndoa haifungwi."

Khalfan alikuwa amesimama mlangoni na sinia ya halua. Nakwambia Hilal, sijapata kumwona mtu mzima akishika sinia vile, kama mtoto aliyeambiwa asimwage. Mama yako alimwuliza mzee yule kayapata wapi, naye akasema yametoka kwa rafiki yako, ambaye wewe mwenyewe ulimsimulia kwa simu. Hapo ndipo tulipojua kwa nini uliondoka siku ya Idd bila kuaga. Miezi yote hii tulidhani umekwenda Dar kunikimbia mimi. Kumbe umemkimbia ndugu yako, na kilichokukimbiza ni harufu.

Unakumbuka tulivyoanza? Nyumba zetu hapa mtaani Malindi zimeungana ukuta, na mti wa asmini ni mmoja, umeota uani kwetu ukaegemea dirisha lenu. Alasiri tulikuwa tunachuma vitumba kabla havijafunguka, wewe juu ya kiti kwa kuwa ulikuwa mrefu, mimi chini na ungo. Ulikuwa ukitaka kuja unaita kwa dirishani, "Binti ami!" nami naitika, "Naam!" na kabla sijamaliza kuitika ushafika uani, viatu mkononi. Mama yangu alisema wewe huna haja ya mlango.

Siku za kupika udi ndiyo usiseme. Ulikuwa unashika sinia huku mimi nakoroga sukari na maji ya waridi, tunaiangalia isije ikaungua, halafu vinaingia vipande vya udi, sandali, miski, na kila mtu ndani anapiga chafya. Siku moja nikatia na karafuu changa, kwa utundu tu. Mama akanigombeza: "Karafuu za pilau, udi wa nguo! Nani kakufunza kuchanganya?" Wewe ukainamisha pua juu ya sinia, ukafumba macho, ukasema, "Huu ndo wako. Hata nkiwa kipofu ntaujua." Nilifurahi sana siku ile. Tangu hapo sijapika udi bila karafuu, na mji mzima wateja wangu wananijua kwa hiyo.

Ulisema kweli. Uliujua. Kilichokushinda ni kujua maana yake.

Wazee walipotaka tuoane sikukataa. Nilikuwa nakupenda, na kila mwanamke niliyemwuliza aliniambia kilichobaki kitakuja chenyewe nikishaingia nyumbani. Wengine walisema kitakuja hata kabla, nikishavaa pete. Nikavaa. Nikangoja kama tunavyongoja maji ya bomba, kila asubuhi unafungua, unasikiliza, unafunga. Wewe ukawa unapiga simu ukitoka kazini. "Nnakupenda, Salma." Najibu, "Na mie." Siku moja ukauliza, "Mbona wajibu kama unaitikia salamu?" Nikacheka. Wewe hukucheka, na swali lile likanikaa kifuani mpaka leo.

Nikawa nalifikiria neno lenyewe. Sisi kupenda tunakutumia kwa kila kitu. Napenda urojo, nampenda mama, nakupenda wewe, na anayesikia ndiye anayetakiwa ajue tofauti. Tukitaka kubainisha tunasema mahaba, tunasema huba, na harusini watu wanayaimba hayo mpaka sauti zinawakauka. Mimi naimba nao. Maana yake naijua, kama ninavyoyajua majina ya miji ambayo sijafika. Nilivyokuwa msichana nilidhani wenzangu wanatia chumvi wakisema hawali, wanatetemeka, wanaona jina la mtu kwenye simu moyo unaruka. Nilidhani ni mtindo wa kuzungumza tu. Nilikuwa nshakuwa mtu mzima, na pete kidoleni, ndipo nilipoelewa kwamba wanasema kweli.

Siku niliyokurudishia pete tulikuwa juu kwenye paa lenu, karibu na tangi la maji, na mama yako yuko mbali kidogo anaanua nguo, kwa heshima zetu. Nilikwambia, "Hilal, nnakupenda. Mahaba ndo sina."

"Unayo na nani?"

"Sina na mtu."

"Mahaba hayakai bure, Salma. Kama huna na mie, una na mwengine."

Nikakuapia. Ukatazama chini, ukaizungusha pete kwenye kidole chako kidogo, ukashuka ngazi. Sikukulaumu kwa kuumia. Nililia wiki nzima, maana nilijua nimempoteza aliyekuwa ananiita kwa dirishani. Lakini nilidhani kwamba, pamoja na maumivu yote, umesikia nilichosema.

Kwetu, kwa upande wao, hawakusema nina mtu. Walisema nina jini. Jini mahaba, anayempenda mwanamke akamfungia wanaume wote, na ati anaitwa na harufu nzuri; nani basi wa kumwita kuliko mimi, mpika udi, mwenye asmini kichwani kila alasiri? Mama akaleta bibi mmoja kutoka Ng'ambo na chetezo chake cha kufukizia. Wakanifunika shuka, wakanifukiza mvuje. Wewe unaijua harufu ya mvuje, ilivyo uvundo. Bibi akawa ananiuliza, "Nani humo?" Nikajibu, "Mie, Salma." Akapandisha sauti: "Nnamtaka aliye ndani yako ajibu!" Nikamwambia, "Ndani yangu nimo mie, bibi. Hamna mwengine." Mama akaanza kulia nyuma ya shuka, na mimi humo ndani moshi unanikaba. Nilipotoka nikapigwa marufuku ya asmini. "Mwanamke hana mume, anamnukia nani?" Hilo mama alilisema mara nyingi kuliko nilivyoweza kuvumilia, mpaka siku moja nikamjibu kwa ukali ambao sijapata kumtolea, kwamba najinukia mwenyewe, na pua ninayo.

Basi hivyo ndivyo ilivyokuwa. Kwenu nina mtu, kwetu nina jini, na katikati hakuna aliyeniwekea hata kigoda.

Neno nililipata mtandaoni, kwa watu nisiowajua. Wanasema aromantiki. Maana yake ni mtu asiyehisi mvuto wa kimahaba kwa mwingine. Wapo wasiouhisi kabisa, wapo wanaouhisi mara chache, wapo wanaoolewa na kuishi vizuri kwa kuelewana, wapo wanaokaa peke yao na hawana huzuni. Si ugonjwa, si kiapo, si kuchukia wanaume. Wanapenda mama zao, wanapenda marafiki zao, wanalia msibani kama watu wote. Nilisoma huku nimesimama jikoni, sukari ikaungua, na sikujali. Nilipomwambia mama yako neno hilo juzi, aliliangalia hewani kidogo akauliza, "Ni marashi hayo?" Tukacheka sote wawili, yeye na machozi machoni. Halafu akasema, "Basi si kwamba mwanangu kakukera?" Nikamwambia hakunikera hata siku moja. Nadhani alikuwa amelibeba swali hilo tangu siku ya paa.

Sijui kama neno hili litakaa kwenye lugha yetu. Kwa sasa linasikika geni mdomoni mwangu pia. Lakini kabla yake kila nilichosema kilikuwa sina, sina, sina, na mtu akisema sina watu wanaanza kutafuta alikoficha.

Sasa Idd. Sikiliza vizuri, maana hapa ndipo harusi ya watu inaponing'inia.

Nimempelekea mama yako udi kila Idd tangu utoto wetu. Uchumba ulipovunjika niliona haya, lakini nikampelekea, nikampa dada yangu aufikishe. Mama yako akaupokea, akakuficha. Wewe ulipomwuliza udi wa mwaka huu katoa wapi, akakwambia kanunua Darajani. Juzi, mzee wa Makunduchi alipokwisha kutoka, ndipo alipotwambia, kashika kichwa: "Nliogopa ataumia akijua nnatia udi wa Salma. Nkasema akishapoa ntamwambia. Mie nlitaka kumhifadhi mwanangu, jamani."

Basi ndivyo ilivyokuwa. Ulitoka msikitini, ukamkumbatia Khalfan kumpa mkono wa Idd, ukaisikia karafuu kwenye kanzu yake. Ukakumbuka kuwa mwanamke humfukizia nguo mume wake. Ukakumbuka kuwa mimi nilikataa kukutajia jina. Ukajumlisha. Khalfan anasema ulimwachia ghafla, ukamwangalia kama humjui, na yeye akadhani umeshikwa na tumbo. Jioni ulikuwa kwenye boti.

Hukumwuliza yeye. Hukuniuliza mimi. Hilo ndilo linalonichoma, kuliko hata maneno ya barazani. Khalfan, ambaye nilimwogesha, ambaye alikuwa akilala miguuni kwetu tukitunga asmini! Anamtaka yule binti wa Makunduchi kiasi cha kujifunza Kimakunduchi ili ampendeze bibi wa mchumba wake, anachekwa kijiji kizima na harudi nyuma. Mimi hayo siyahisi, lakini nikiyaona kwa mtu nayatambua, na siwezi kukaa kimya yakivunjwa kwa kosa langu la kutia karafuu.

Pamoja na barua hii nimekufungia kilemba chako cha Idd. Ulikivua siku ile ukakitupa kitandani, na mama yako akakikunja akakiweka sandukuni. Hakikufuliwa, hakikuvaliwa tena. Kifungue, ukinuse. Kanzu yako, kanzu ya Khalfan na kilemba hicho vilitandazwa juu ya tenga moja, alasiri moja, chetezo kimoja chini. Ulipomkumbatia mdogo wako, wewe mwenyewe ulikuwa unanukia udi wangu kuanzia kichwani mpaka miguuni, Hilal. Umeuvaa tangu asubuhi, pua ikauzoea. Ukaupata kwa Khalfan peke yake.

Kwa hiyo la Khalfan limekwisha. Ushahidi unao mkononi na huna haja ya kuniamini mimi. La kwangu ndilo gumu. Sina kitambaa cha kukuletea ukanusa ukajua kwamba hakuna mtu. Ukitaka kutafuta utatafuta maisha yako yote, na kila mwanamume atakayenisalimia utamtilia shaka, na kila nitakapojipaka mafuta ya halwaridi utauliza ya nani. Nakuomba jambo ambalo sijapata kumwomba mtu: uniamini kwa kuwa nimesema. Nilisema pale kwenye paa, nasema tena hapa, mbele ya mama yako. Nilikupenda. Nakupenda. Mahaba sikuwa nayo, wala sikumpelekea mwingine.

Leo nimepika udi wa harusi. Bibi harusi ametuma salamu kwamba anautaka wenye karafuu, na hajaambiwa kama huenda usichomwe. Sufuria bado lina joto. Mama yako anapita jikoni kila mara, anainusa sinia, anarudi sebuleni.

Jumatano nitakuwa hapa bandarini boti ya mchana ikifika. Khalfan atakuwa pembeni yangu na atakuwa amevaa kanzu. Akikupa mkono, mkumbatie vizuri. Nimeifukiza mimi mwenyewe safari hii, mbele ya watu, na kanzu yako ipo hapo hapo juu ya tenga inakungoja. Mimi usinitazame kama mtu aliyekunyima kitu, wala usiniogope. Niite tu kama ulivyokuwa ukiniita kwa dirishani, na nitaitika kama zamani.

Binti ami yako,
Salma