Baba Margaret Hajatoka

Mpendwa Baba Margaret,

Sijui kama mtu kama wewe anaweza kufikiwa na barua. Nakuandikia hata hivyo, na naiacha barua hii wazi, kwa sababu tuko wengi hapa Birmingham tunaofanya kazi ya kutunza wazee majumbani mwao, na huenda mwenzangu mmoja amekutana na mtu wa aina yako akanyamaza asije akachekwa.

Nakuita Baba Margaret kwa kuwa kwetu Kenya mwanamume aliyezaa haitwi kwa jina lake tupu. Mimi ni Mama Neema, niliyekuwa nikimhudumia binti yako katika nyumba yako ya Harborne. Wewe ulimwacha mtoto mdogo ambaye hajaanza shule. Mimi nilimkuta bibi mwenye nywele nyeupe, anayekunywa chai bila sukari na kuuliza kila asubuhi kama nimekula.

Nilikujua kwanza kwa harufu. Pale ukumbini, karibu na mahali pa kutundikia makoti, kiliegemezwa kipigio chako cha kriketi, ule ubao wa kupigia mpira, na kilinuka mafuta kana kwamba kimepakwa jana. Nilimwuliza Margaret ni nani anayekipaka. Akasema hakuna. Siku hiyo niliandika katika shajara yangu, chini ya tarehe: Kipigio kinanuka mafuta. Hakipakwi. Ndivyo ninavyoandika, jambo na jambo linalofuata, bila kulieleza.

Maisha yako nimeyapata kwa binti yako, kipande kwa kipande, nikimchana nywele. Siku za kazi ulikuwa karani wa benki mjini. Jumamosi ulivaa nyeupe ukaenda kucheza kriketi ya ridhaa, bila malipo, na ulijivunia hilo. Waliolipwa waliingia uwanjani kwa lango lao na ninyi kwa lenu. Ulipiga mluzi ukinyoa ndevu. Ulimbeba Margaret mabegani naye akayashika masikio yako kama usukani. Jumamosi ya mwisho kabla ya kwenda kwenye Vita vya Pili vya Dunia, zamu yako ya kupiga ilikuwa haijaisha mvua iliponyesha. Mkakimbilia ndani, mchezo ukaachwa hapo. Ulirudi nyumbani umelowa, ukaegemeza kipigio ukutani, ukasema utaendelea ukirudi. Uliuawa Italia, katika shamba la mizabibu, na wenzako hawakupata cha kuzika.

Alasiri moja ya Novemba, mwanga ukianza kupungua, nilikuwa nimepiga magoti nikimvisha Margaret soksi. Tukasikia kitu ukumbini: to, to, to, mti ukigonga sakafu ya mbao. Kisha kimya kifupi, kama mtu anayesikiliza. Kisha tena: to, to, to.

"Nani huyo?" nikauliza.

"Ni Daddy," akasema, kwa sauti ile ile anayosemea kwamba maziwa yameisha. "He's not out."

Nikaelewa kwamba hujatoka. Kwamba uko ndani. Nikaenda ukumbini na brashi ya nywele mkononi, kana kwamba ingenisaidia, nikakuta kipigio mahali pake na ubaridi unaofika magotini tu. Katika ripoti ya siku niliandika kwamba mteja anasema baba yake hajatoka nyumbani. Msimamizi wangu akanipigia simu kuuliza ni baba gani huyo, na kama ana funguo.

Ningeweza kuishi nawe hivyo hivyo. Tulizoeana. Nilipoingia nilisema "hodi" hata nikiwa na ufunguo, na nilipopiga deki nilizunguka pale unaposimama. Lakini kila ulipogonga, Margaret aliinuka kuja kwako, na miguu yake haikuwa tena ya kuinuka peke yake. Alianguka mara ya kwanza akaumia mkono. Mara ya pili akavunjika nyonga. Daktari akatuambia waziwazi kwamba akianguka tena hatapona, na kwamba katika nyumba hiyo hawezi kuishi tena. Nafasi ikapatikana katika makao ya wazee. Margaret akakataa. Alinishika mkono akasema, "Siwezi kumwacha mle nyumbani peke yake. Hajatoka."

Alipotoka hospitali akarudi nyumbani kuchukua vitu vyake ilibidi tuwe wahudumu wawili. Mwenzangu alikuwa Hassan, Msomali aliyekulia Eastleigh, Nairobi, mtu wa mzaha. Jikoni nilimwambia habari ya baba ambaye hajatoka. Nilidhani atacheka, na kweli alicheka, lakini si kwa sababu niliyoitarajia.

"Mama Neema, umekaa England miaka yote hii na hujui cricket? Not out ni mambo ya mchezo. Maana yake hawajakutoa. Bado ni zamu yako, unasimama pale unagonga-gonga chini na bat yako ukingojea mpira."

Niliweka kikombe chini. Nikarudi kwa Margaret nikamwuliza ni nani aliyemwambia kwamba hujatoka. Akasema ni mama yake, siku ile habari ya kifo ilipoletwa. Mama alikaa na gazeti la zamani lenye matokeo ya mchezo wako wa mwisho, akasoma neno hilo kwa sauti, mara nyingi, akilia. Mtoto akalichukua kama nilivyolichukua mimi. Kosa lile lile. Tena sikuwa na uhakika kama wewe mwenyewe hukulisikia ukalichukua vivyo hivyo.

"Sasa mtu anatolewaje?" nikamwuliza Hassan.

"Refa anainua kidole. Lakini hainui hivi hivi. Lazima wapinzani wamwulize: how's that? Yaani, unasemaje hapo? Wasipomwuliza, jamaa anakaa tu, hata awe amekufa." Akajisikia alichosema, akaenda kuchukua mizigo ya Margaret.

Gari lilikuwa nje. Tulimfikisha Margaret ukumbini kwenye kiti cha magurudumu, akaishika nguzo ya ngazi kwa mikono miwili. Ndipo ulipoanza. To, to, to. Hassan akasema "Bismillahi" chinichini, nikajua si masikio yangu peke yangu.

Niliinama kwa Margaret. Nikamwuliza, kwa Kiingereza, neno lile: "How's that?"

Ukaacha kugonga.

Margaret alitazama mahali pako, juu kidogo ya kipigio, pale ambapo uso wa mtu mrefu ungekuwa. Kisha akaachia nguzo ya ngazi, akainua kidole kimoja, kikiwa kimenyooka ijapokuwa ana ugonjwa wa viungo. "Samahani, Daddy," akasema.

Hakuna kilichosogea isipokuwa Hassan. Alirudi nyuma hatua moja, akajibana ukutani, kama mtu anayempisha mwenzake penye njia nyembamba. Baadaye kidogo nikamwuliza alikuwa akimpisha nani. Akasema, "Sukuma kiti, Mama Neema."

Binti yako sasa yuko katika makao ya wazee ya Winson Green. Hajaanguka tena. Alasiri hukaa dirishani bila kusikiliza chochote, na wanaomhudumia wanasema ametulia. Mimi humtembelea Jumapili baada ya kanisa. Jumapili iliyopita nilikutaja. Alinitazama kwa adabu, kama mtu anayetafuta jibu ambalo halitamwudhi mgeni, akasema hadhani kwamba aliwahi kuwa na baba.

Nilikaa kwenye basi hadi nikapitiliza kituo changu. Nilitaka aishi, na anaishi. Sikujua kwamba kule kukungoja kwake ndiko kulikokuweka kichwani mwake.

Kwa hiyo nakuaga kwa ombi. Hassan anasema mchezaji akitolewa kuna mahali anapokwenda kuketi na wenzake, na kuna chai. Kaa huko. Margaret atakuja kwa wakati wake, na usimkimbilie. Sisi tunaofanya kazi hii tunajua: ukiingia kwa mtu asiyekukumbuka, usimwulize kama anakujua. Simama mbele yake anapoweza kukuona. Mwambie jina lako, mwambie wewe ni nani kwake, kisha mpe muda.

Ni mimi niliyemtunza mwanao,
Mama Neema