Medali ya Mtumbwi Wako

Ikolo, Jumapili, mpunga ukiwa umeshaingia ghalani

Ambokile, ndugu yangu,

Tangu tukuzike wakati wa masika sijaingia ziwani. Mtumbwi wako nimeuvuta juu, mbali na mawimbi, nikaufunika kwa majani ya migomba usipasuke kwa jua. Kasia lako nimelilaza ndani. Langu liko nyumbani. Niliogopa kuyaweka pamoja.

Naikumbuka siku ya mashindano pale Mwaya, watu wa Karonga walipovuka kutoka Nyasaland kushindana nasi. Kila mtumbwi watu wawili. Mimi mbele, wewe nyuma. Vijana walikucheka: "Dereva wa vyungu huyo! Leo hakuna chungu cha kubembeleza!" Maana miaka yote ulikuwa ukivusha vyungu vya mkeo Tumpe kutoka Matema, ukipiga kasia taratibu kisivunjike hata kimoja. Ukawajibu, "Leo nimempakia Asajile. Naye huvunjika upesi." Nilicheka mpaka nikasahau woga.

Upepo ulipoinuka wenzetu walikazana, mitumbwi ikayumba, maji yakaingia. Wetu haukuyumba. Mimi nilitumia nguvu tu. Wewe ndiye uliyeulaza sawa juu ya kila wimbi. Tukawapita watu wa Karonga karibu kabisa na ufuko.

Kisha lile jambo. Nimeliandika mara tatu na kulifuta.

Medali ilikuwa moja kwa kila mtumbwi. Bwana Shauri, yule Mzungu mkuu wa wilaya, ameishika mkononi, karani wake akauliza, "Mwenye mtumbwi nani?" Wewe ulikuwa bado majini hadi kiunoni, umeushikilia usipigwe na mawimbi. Mtumbwi uliochongwa na baba yako. Watu wanashangilia. Nikasema, "Mimi." Nilipogeuka nikaona umesikia.

Hukunigombeza. Baadaye, tulipokuwa tunakula, ulisema tu, "Una shingo ndefu, medali imekupendeza," ukanisogezea kichwa cha samaki kama kawaida yako. Laiti ungenitukana, ningeivua siku ile ile. Badala yake niliivaa kila Krismasi, nawe umekaa nami benchi moja kanisani. Hata kwenye mazishi yako, mchungaji aliposema, "Mshindi wetu atuambie neno juu ya rafiki yake," nilisimama nikasema ulikuwa mtu mpole. Nikakaa.

Juzi nilimpelekea Tumpe medali hiyo. Nilimkuta akisugua chungu kwa kokoto, mikono imejaa udongo. Aliitazama, hakuipokea.

"Ndaga, shemeji," alinishukuru. "Lakini mimi nitaifanyia nini? Waliokupigia makofi ni watu. Waambie hao watu."

Nilirudi nayo mfukoni, nzito kuliko nilivyoipeleka.

Jumamosi watu wa Karonga wanavuka tena. Kabla kasia halijagusa maji nitasimama mbele ya karani, mbele ya watu wao na wetu, nitaje jina lako na la baba yako, na nikiri uongo niliosema siku ile. Watakaocheka na wacheke. Kisha nitaifunga medali kwenye mtumbwi wako, pale nyuma ulipokuwa ukikaa.

Pumzika, ndugu yangu. Na siku hiyo unikumbuke, nisije nikanyamaza tena.

Asajile