Maiti wa Mishomoroni Aliyetaka Chai

Shangazi, shikamoo.

Niko Mishomoroni, Kisauni, mzima, ila jua la huku linanikaanga pamoja na kamera yangu.

Leo tulikuwa tunapiga filamu, sehemu ya msiba. Tulisimamisha turubai uani, tukapanga viti, na mwigizaji wetu Mzee Karisa akalala mkekani, akafunikwa shuka. Kosa letu ni kwamba hatukuwaambia majirani. Huku wakiona turubai hawaulizi aliyekufa ni nani. Kufumba na kufumbua kina mama wakaingia na unga, sukari na sufuria, wakaangua kilio ambacho mwigizaji hawezi kukilia hata umlipe. Mwelekezi akaninong'oneza, "Usizime!" Sikuzima. Hata mimi nilikuwa nalia nyuma ya kamera.

Kisha ikachemka chai ya tangawizi. Mzee Karisa, ambaye hakuwa ametia kitu tumboni tangu alfajiri, akafunua shuka akasema, "Mie n'tilieni sukari kidogo."

Watu walitoka mbio, mwelekezi akiwa wa kwanza. Uani tulibaki mimi, marehemu, na jirani mmoja mzee, Mama Kadzo, mwenye birika mkononi. Alimtazama Karisa, akamwambia, "Lala, baba. Hatujamaliza kukulilia."

Karisa akalala.

Shangazi, ulisema kamera ni kazi ya harusi tu. Sasa nimehitimu hadi matanga. Mungu akutunze, na siku ukiniona nasimamisha turubai hapo nyumbani, tafadhali uliza kwanza.

Mwanao, Mwakio